Windows ya flashi ni mbegu isiyo na lebo

Tarehe 14 Oktoba 2025, wakati korosho zilikuwa zimeanza kudondoka katika mashamba ya Mjawa, Bungu na Mlanzi, kampuni ya Microsoft ya Marekani ilisimamisha huduma ya kawaida ya marekebisho ya usalama kwa Windows 10. Hakuna kompyuta iliyozimika siku hiyo wilayani Kibiti. Katibu wa chama cha msingi aliyewasha yake asubuhi aliikuta kama alivyoiacha jana yake, akaingiza kilo za wakulima, akatoa chapa, akafunga ofisi. Ndiyo maana jambo hili limepita kimya kimya, na dawa yake nayo inatafutwa kimya kimya, kwa njia ambayo inastahili kusemwa hadharani.

Njia yenyewe ni flashi. Mteja anapeleka kompyuta kwa fundi asubuhi, na akirudi kutoka sokoni anaikuta ina Windows 11, ina programu za ofisi, ina ya kufungua PDF na ya kutazama filamu, na vyote vimeshafunguliwa bila kuulizwa namba yoyote ya leseni. Fundi hakufanya kazi ya siku nzima. Alichomeka flashi yenye faili moja lililofungashwa tayari, ambalo mafundi huliita ISO, akaliacha lijipakie lenyewe. Faili hilo alipewa na fundi mwenzake wa Mbagala au Kariakoo, naye alipewa na mwingine, na wa kwanza kabisa aliyelipika hajulikani jina wala nchi.

Kwa nini flashi ya namna hiyo inahitajika? Sababu iko katika aina ya kompyuta zilizopo. Ofisi nyingi za vyama vya ushirika, stesheneri, maduka ya pembejeo na shule za kata hazinunui kompyuta mpya. Zinanunua kompyuta mpakato zilizokwisha kutumika katika ofisi za Ulaya na Marekani. Ni mashine imara kuliko mpya nyingi za bei ya chini: HP EliteBook 840 G3, Dell Latitude E7450, Lenovo ThinkPad T450 na ndugu zake. Zinavumilia vumbi, zinafunguka kwa bisibisi moja, na vipuri vyake vinapatikana. Tatizo ni umri wa kichakato. Windows 11, iliyotolewa Oktoba 2021, inadai chipu ya usalama ya TPM toleo la 2.0, uwashaji salama, kumbukumbu ya GB 4, nafasi ya GB 64 na, kwa zile zenye Intel, kichakato cha kizazi cha nane au baadaye, isipokuwa vichache vya kizazi cha saba. EliteBook 840 G3 ina kizazi cha sita. T450 na E7450 zina cha tano. Zote zinakataliwa mlangoni, ingawa zina nguvu ya kutosha kabisa kwa kazi ya kuandika barua na kujumlisha magunia.

Hapa ndipo watu wengi, wakiwamo mafundi, wanapochanganya mambo mawili ambayo hayafanani. La kwanza ni kulikwepa sharti la Microsoft. La pili ni kupokea Windows iliyopikwa na mtu asiyejulikana. La kwanza ni dogo, na lina njia ya wazi. La pili ndilo balaa.

Kulikwepa sharti hakuhitaji flashi ya mtu. Microsoft yenyewe inatoa ISO ya Windows 11 bure katika tovuti yake, na mtu yeyote anaweza kuipakua. Kisha ipo programu ndogo ya bure iitwayo Rufus (mtu wa Rufiji atasamehewa akidhani imetoka kwao), ambayo imekuwapo tangu mwaka 2011 na kazi yake ni kuandaa flashi ya kusakinishia. Rufus ikipewa ISO halisi ya Windows 11 humuuliza fundi kama anataka kuondoa masharti ya TPM, uwashaji salama na kumbukumbu. Akikubali, flashi inayotoka ina Windows ileile ya Microsoft ambayo kilichobadilishwa ni yale maswali ya mlangoni. Ndani ya nyumba hakuna aliyegusa kitu. Kompyuta iliyokuwa na Windows 10 halali, ikiwekewa Windows 11 ya toleo lilelile, kwa kawaida huitambua leseni yake mara inapopata mtandao. Kwa hiyo hata ile programu ya kuvunja leseni, ambayo ndiyo mlango mkubwa wa virusi, mara nyingi haikuwa na haja.

ISO iliyopikwa ni kitu kingine. Aliyeipika ameifungua Windows, akatoa alivyotaka kutoa, akaingiza alivyotaka kuingiza, akaifunga tena. Wapo wanaofanya hivyo kwa nia njema. Mradi wa Tiny11, ulioanza kujulikana mwaka 2023, uliondoa vitu vingi visivyo vya lazima ili Windows 11 ikae katika mashine dhaifu, na mwenye mradi baadaye akatoa maelekezo ya kompyuta ili kila mtu ajipikie mwenyewe kutoka ISO halisi badala ya kumwamini yeye. Huo ni uungwana. Lakini hata huko kuna toleo dogo zaidi ambalo limeondolewa uwezo wa kupokea marekebisho ya usalama, na fundi wa Kibiti anayepewa flashi iliyoandikwa kwa kalamu ya wino "Win 11 nyepesi" hana namna ya kujua kama ni hilo.

Wapo pia wasio na nia njema, na si hadithi ya kutishana. Juni 2023, kampuni ya Dr.Web ya Urusi, inayotengeneza kinga ya virusi, ilieleza kuwa imekuta ISO za Windows 10 zisizo halali zikisambazwa mtandaoni zikiwa na programu ya wizi ndani yake. Programu hiyo ilijificha katika sehemu ndogo ya diski inayotumika kuwashia kompyuta, mahali ambapo kinga nyingi za virusi hazipekui. Kazi yake ilikuwa moja tu: mwenye kompyuta anaponakili namba ya pochi ya sarafu za kidijitali ili abandike mahali pa malipo, namba inabadilishwa njiani, na inayobandikwa ni ya mwizi. Dr.Web ilikadiria kuwa wezi walikuwa wamekwishapata karibu dola 19,000 za Marekani. Waathirika hawakubofya kiungo cha ajabu, wala hawakufungua barua pepe ya mtu wasiyemjua. Kompyuta zao zilizaliwa na ugonjwa.

Mkulima wa Kibiti hana pochi ya sarafu za kidijitali, atasema mtu. Ni kweli. Ila ana namba ya akaunti ya benki, na iko ndani ya kompyuta ya katibu.

Mfumo wa stakabadhi ghalani unavyokwenda unajulikana kwa wasomaji wengi. Mkulima anapeleka korosho au ufuta katika chama chake cha msingi, AMCOS. Zinapimwa, anapewa stakabadhi, mzigo unakwenda ghala kuu, unauzwa katika mnada, ambao siku hizi unaendeshwa kwa mtandao wa Soko la Bidhaa Tanzania, TMX. Mnunuzi analipa benki, makato yanatolewa, na fedha zinashuka hadi katika akaunti ya mkulima. Katika mnyororo huo wote, mahali pa kuunganisha jina la mtu, kilo zake na namba ya akaunti yake ni orodha ambayo katibu au karani anaiandaa kwenye kompyuta ya chama. Anainakili, anaibandika, anaituma. Kompyuta hiyohiyo ndiyo inayoingia katika MUVU, mfumo wa Tume ya Maendeleo ya Ushirika wa kusimamia vyama, na ndiyo inayofungua barua pepe ya chama. Nywila zote zimehifadhiwa humo, maana nani atazikumbuka.

Ujanja ule wa mwaka 2023 ulilenga namba za pochi, lakini ujanja wa namna hiyo unaweza kuelekezwa kwenye namba ya akaunti vilevile. Ukitokea, nani ataubaini? Mkulima atasema hajalipwa. Benki itasema imelipa kwa mujibu wa orodha. Katibu ataapa kuwa aliandika sawasawa, na atakuwa anasema kweli. Wakulima wa korosho wa ukanda huu wamekwishawahi kugombana na viongozi wao kwa mambo madogo kuliko hayo, na hakuna katibu atakayeaminiwa akisema aliyeiba ni flashi.

Tena kuna sheria. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, inamtaka anayekusanya na kutunza taarifa za watu azilinde. Orodha ya wanachama yenye majina, namba za simu na akaunti ni taarifa binafsi bila ubishi. Kuihifadhi ndani ya programu iliyovunjwa leseni na isiyojulikana ilikotoka ni sawa na kuweka fedha za chama katika sefu ambayo funguo yake ya ziada anayo fundi aliyeiuza.

Kwa mfano ulio karibu zaidi na shamba: hakuna mkulima mwenye akili timamu katika bonde la Rufiji anayenunua mbegu ya mpunga kwenye mfuko mweupe usio na maandishi, eti kwa sababu muuzaji kasema ni SARO. Anatafuta lebo ya TOSCI, na hata ile mbegu ya daraja la kuazimiwa inayozalishwa kijijini na jirani yake inakaguliwa kabla ya kuuzwa. Vivyo hivyo kwa salfa ya mikorosho, ambayo watu wamekwishaumizwa nayo ilipokuwa feki. Lakini mtu huyohuyo, akichaguliwa kuwa mwenyekiti wa chama, anairuhusu kompyuta yenye fedha za wenzake ipandwe mbegu ya mfuko mweupe.

Fundi naye asihukumiwe kabla ya kusikilizwa. ISO halisi ya Windows 11 ina zaidi ya GB 5. Kwa mtu anayenunua bando kwa siku, hiyo ni fedha, na ni saa nyingi za kusubiri mtandao usikatike. Mei 2024, nyaya za EASSy na Seacom zilipokatika baharini, nchi nzima ilionja maana ya intaneti kwenda kwa kusuasua, na Kibiti haikuwa ya kwanza kurudishiwa. Mteja kwa upande wake anataka kompyuta leo, anataka programu zote, na hataki kusikia kuwa leseni inauzwa. Fundi anayemwambia ukweli anapoteza kazi kwa fundi wa kibanda cha pili. Kwa hiyo anachomeka flashi aliyonayo. Soko limemfundisha hivyo.

Mambo ni magumu zaidi kwa ofisi zilizo kwenye delta yenyewe. Mtu wa Kiongoroni, Maparoni au Msala haendi kwa fundi kwa bodaboda. Anasubiri maji yajae, anapanda boti kupitia mikondo ya mikoko hadi Nyamisati, kisha anatafuta gari la kumtoa kwenda Kibiti mjini. Kompyuta ikiharibika baada ya kurudi, safari ni ileile tena. Mtu wa namna hiyo ndiye anayehitaji kuliko wote mfumo usiomgeuka, na kwa bahati mbaya ndiye anayepewa flashi ya haraka kuliko wote, kwa kuwa boti inaondoka na maji.

Kwake, hata Windows 11 halisi iliyopitishwa kwa Rufus ina kasoro inayopaswa kuelezwa kabla hajalipa. Microsoft imesema wazi kuwa mashine isiyotimiza masharti haihakikishiwi kupata marekebisho. Kwa kawaida yale ya kila mwezi huendelea kuja, lakini toleo jipya la kila mwaka haliletwi lenyewe; lazima mtu alipakue na kulisakinisha kwa mkono. Kila toleo la kawaida lina maisha ya miezi 24. Maana yake ni kwamba kompyuta iliyowekewa Windows 11 na kusahauliwa itarudi palepale ilipokuwa Windows 10 baada ya miaka miwili au pungufu. Na zile mashine kongwe kabisa, za kabla ya vichakato vya Core i, zilifungiwa mlango moja kwa moja na toleo la 24H2 la mwaka 2024, ambalo linadai maagizo ambayo vichakato hivyo havina. Hakuna flashi itakayozisaidia hizo.

Mpango wa Microsoft wa kuongeza muda wa Windows 10 upo, lakini chama cha ushirika hakiwezi kujificha ndani ya ule wa watu binafsi, uliotangazwa kufikia tarehe 13 Oktoba 2026. Kwa taasisi bei iliyotangazwa ni dola 61 kwa kila kompyuta kwa mwaka wa kwanza, takriban shilingi 150,000, na inaongezeka maradufu kila mwaka unaofuata. Kwa mashine ya G3, fedha hizo za miaka michache zingekwenda mbali katika kununua G5, ambayo kwa kawaida ina kizazi cha nane na inapokea Windows 11 bila hila yoyote. Anayekwenda kununua kompyuta ya mtumba leo aangalie namba hiyo kwanza, kabla ya kuangalia wino wa kioo. Muuzaji hatamkumbusha.

Njia ambayo haizungumzwi vya kutosha ni kuachana na Windows kabisa kwa kompyuta zile ambazo kazi yake ni kivinjari, barua na majedwali. Na katika AMCOS ya kawaida, kazi ni hiyo tu. MUVU inafunguka kwenye kivinjari. Barua pepe ni kivinjari. Linux Mint toleo la 22, lililotolewa Julai 2024, ni bure, ISO yake ni karibu GB 3, na marekebisho yake yameahidiwa hadi mwaka 2029. Toleo lake la Xfce linakwenda vizuri kwenye kumbukumbu ya GB 4. Zuri zaidi kwa mtu mwoga ni kwamba linaweza kuwashwa kutoka kwenye flashi bila kugusa diski: katibu akae nalo nusu saa, ajaribu Wi-Fi, achape ukurasa mmoja kwenye printa ya ofisi, afungue jedwali lake la wanachama. Likikataa, anachomoa flashi na Windows yake iko palepale.

Kukataa kupo. Printa nyingine zina visa, na programu za hesabu zilizotengenezwa kwa Windows tu hazitakwenda. Jedwali la Excel lenye fomula za kawaida hufunguka katika LibreOffice bila shida, lakini lile lililojazwa vitufe na mtaalamu aliyekwishahama wilaya litasumbua. Duka lenye programu ya mauzo iliyofungwa na mashine ya risiti lisijaribu kabla ya kumuuliza aliyeifunga. Lakini hoja kuwa Linux ni kitu kigeni kwa Mtanzania haina mashiko. Mwaka 2004, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilikwishatoa Jambo OpenOffice, programu huria ya ofisi iliyotafsiriwa yote kwa Kiswahili. Ilikuwa kazi ya heshima, na lililokosekana baadaye ni watu wa wilayani wa kuibeba.

Bila shaka Linux nayo ni ISO iliyopikwa na mtu mwingine. Tofauti ni lebo. Wenye Linux Mint huchapisha katika tovuti yao namba ya uhakiki ya kila ISO, msururu wa herufi na tarakimu 64. Fundi akiisha kupakua, au hata akipewa faili na mwenzake, anaipigia hesabu kwenye kompyuta yake. Amri ya certutil iliyomo ndani ya Windows inatosha kwa kazi hiyo. Namba zikilingana zote 64, faili halijaguswa tangu lilipotoka kiwandani. Ikitofautiana tarakimu moja, linatupwa. Microsoft nayo hutoa namba za namna hiyo kwa ISO zake. Ni jambo la dakika tatu, na ndilo linalotenganisha flashi ya kuaminika na ile ya mfuko mweupe, hata kama zote mbili zimepita mikononi mwa watu kumi.

Kutokana na hilo, gharama ya bando inaacha kuwa kisingizio. Si lazima kila fundi apakue. Chama kikuu cha ushirika cha mkoa wa Pwani, CORECU, au halmashauri ya wilaya kupitia kitengo chake cha TEHAMA, inaweza kuwa na diski moja ya nje yenye faili tatu: Windows 11 ya Microsoft, Linux Mint na Rufus pembeni yake, pamoja na karatasi iliyochapwa namba za uhakiki na kubandikwa ukutani. Inapakuliwa upya mara mbili kwa mwaka. Fundi anakuja na flashi yake, ananakili bure, anahakiki palepale, anaondoka. Maafisa ushirika wanaokwenda delta wabebe nakala. Hakuna bajeti ya kuombea semina hapo. Ni diski moja na mtu mmoja anayejua kupiga hesabu ya namba 64. Na chama kinapomlipa fundi, stakabadhi iandike alichoweka na alikitoa wapi, kama vile duka la pembejeo linavyoandika jina la dawa.

Kwa wale ambao kompyuta zao tayari zina Windows ya flashi, kuisafisha kwa kinga ya virusi hakutoshi, kwa sababu iliyoelezwa na Dr.Web: ugonjwa unaweza kukaa mahali ambapo kinga haifiki. Diski ifutwe yote, ikiwamo ile sehemu ndogo ya kuwashia, kisha isakinishwe upya. Kabla ya hapo, orodha ya wanachama na vitabu vya hesabu vinakiliwe mara mbili na nakala moja ikae nje ya ofisi. Nywila za barua pepe, za MUVU na za benki zibadilishwe baada ya kusakinisha, kwenye mashine iliyokwisha kuwa safi, kwani ukizibadilisha kabla unamkabidhi mwizi mpya. Wakati mzuri wa kazi hiyo ni Agosti na Septemba, fedha za ufuta zikiwa zimeshalipwa na mnada wa kwanza wa korosho haujaitishwa.